Mzee Anayekufa Mapema

Mimi si mtu wa hasira. Waulize wale ninaochuma nao majani ya chai. Mimi ndiye ninayeimba mvua ikinyesha, na ndiye ninayewaambia kwamba siku moja nitakuwa na studio yangu, yenye zulia ukutani na mlango usiopitisha sauti. Wao hucheka, nami hucheka pamoja nao. Lakini kuna Jumamosi moja ambayo nikiikumbuka wimbo unanikauka. Nimeamua kuiandika nikiwa bado nimekasirika, kwa sababu nikingoja nipoe nitaanza kumtetea kila mtu. Najijua.

Habari yenyewe inamhusu mwigizaji mmoja wa Marekani. Jina lake silitaji, maana hata nikilitaja hutamjua. Uso wake, lakini, unaujua. Ni yule mzee mrefu wa masikio makubwa na pua iliyovunjika zamani ikapona vibaya. Ni yule anayefungua geti la jela. Ni yule askari anayesema "Simama!" kisha anapigwa risasi. Ni dereva wa lori anayempa steringi lifti, ni hakimu anayegonga meza mara moja tu, ni mzee wa pampu ya petroli anayesema hajaona mtu yeyote akipita. Steringi, kama hukukulia kwenye maholi ya muvi, ni yule mtu mkuu, yule ambaye hafi. Huyu wangu hajawahi kuwa steringi hata siku moja. Kazi yake ni kufa, tena anakufa mapema, watu wakiwa bado wanatafuta pa kukaa.

Nilikuwa nafanya kazi kwenye holi ya muvi karibu na mji wa Litein, nyumba ya mabati iliyokuwa ghala la mahindi kabla ya kuwekwa mabenchi na skrini. Asubuhi nachuma majani nyumbani, mchana nakwenda holi. Mwenye holi tulimwita Dijei. Yeye hukaa mbele kando ya skrini, laptopu mapajani, maiki mkononi, sauti ya Kiingereza ameishusha, naye anaongea juu ya midomo ya Wazungu. Usidhani alikuwa anatafsiri. Alikuwa anatunga. Mzungu akisema maneno kumi, Dijei anasema hamsini, na ndani yake anaingiza bei ya mbolea, mchungaji fulani na mke wa jirani. Watu walimpenda. Hata mimi nilimpenda, na kipaji anacho, siwezi kudanganya.

Mimi nilikuwa sauti ya pili. Wanawake wote kwenye muvi walikuwa wangu: wake, wauguzi, malkia, wasichana wa kupiga nduru. Nduru zangu zilikuwa na sifa mpaka Kedowa. Kuna mzee mmoja aliwahi kuniambia nilipiga nduru mpaka akashika rungu.

Basi nikiwa nimekaa pale nikingoja mwanamke atokee, ndipo nilipoanza kumwona yule mzee. Ilikuwa ile muvi ya pampu ya petroli. Steringi anakuja na gari, mzee anafuta kioo, steringi anaondoka, kwisha. Lakini steringi akishaondoka, kwa sekunde mbili hivi, yule mzee anaangalia kile kitambaa, anakikunja vizuri, mara mbili, halafu anakiweka mfukoni kama ni kitu cha kanisani. Nikajiambia, hakuna mtu aliyemwagiza huyu afanye hivyo. Amefanya kwa sababu anamjua mtu anayekunja kitambaa namna hiyo. Kutoka siku hiyo nikawa namtafuta kila muvi. Nilikuwa namwona hata akipita nyuma ya steringi amebeba ngazi.

Kwenye simu nikapata video yake akihojiwa, mzee tayari, mbwa amelala miguuni. Nilisoma mpaka kidato cha pili tu, kwa hiyo nilikuwa nasimamisha kila sentensi, nafungua kamusi, naendelea. Ilinichukua wiki mbili kusikiza dakika ishirini. Alizaliwa kwa watu wa shamba, baba yake akitengeneza trekta za wengine. Aliendesha basi la shule mpaka nywele zikaanza kumtoka, akaingia kwenye uigizaji kwa sababu walikuwa wanatafuta mtu anayejua kuendesha basi. Hata alipokuwa amekwisha kuonekana kwenye muvi nyingi, bado alirudi kwenye basi kazi ikikosekana, na watoto walikuwa wanamwuliza, "Si ulikufa wiki jana?" Mama yake alimwuliza mara moja wakila, kwa nini wanamuua kila mara, amewakosea nini. Hapo nilicheka peke yangu mpaka kuku wakatoka jikoni.

Lakini alisema jambo jingine, na hilo halikunichekesha. Alisema watu wa kwao wana namna yao ya kuongea, na mjini watu wakiisikia wanacheka kabla hujamaliza. Kwa hiyo alimlipa mwalimu amtoe kijiji mdomoni. Miaka mitatu. Akaongea kama wengine maisha yake yote ya kazi, isipokuwa kwenye muvi moja, alipokuwa amezeeka. Hapo alimwambia mkurugenzi, hili nitalisema kama baba yangu alivyosema, ama mtafute mtu mwingine. Wakamwachia.

Sasa sikiza Dijei alikuwa anamfanya nini mtu huyu.

Kila alipotokea, Dijei alimpa sauti moja tu: sauti ya mzee wa rizavu, yaani wa kijijini kwetu. Unaijua. Ile sauti ya kukwaruza, *b* inakuwa *p*, *g* inakuwa *k*, mzee mjinga aliyepotea na hajui amefikaje kwenye muvi. Awe hakimu, awe daktari, awe askari wa jela, alikuwa anauliza kitu kimoja tu.

"Afande! Mimi natafuta ng'ompe yanku! Nani ameona ng'ompe yanku?"

Holi yote inalala chini kwa kicheko. Halafu steringi anatokea, naye steringi anaongea Sheng safi ya vijana wa Nairobi.

Na ni nani waliokuwa wanacheka? Ni sisi. Ni watoto wa wazee wanaoongea hivyo hivyo. Baba yangu huongea hivyo. Baba yake Dijei huongea hivyo, tena zaidi, na ni mtu wa heshima, amejenga nusu ya kanisa lao kwa mikono yake. Mwaka mzima wa kwanza mimi mwenyewe nilicheka, mtu asinisafishe. Hilo nalo linanikasirisha, labda kuliko mengine yote.

Ile muvi ya uzee wake niliitafuta miezi mingi. Nilipoipata nikaitia kwenye flashi, nikaenda kwa Dijei asubuhi akiwa anafagia.

"Bosi, nataka kipande kimoja cha hii muvi nikiongee mimi."

"Kuna mwanamke ndani?"

"Hapana. Ni yule mzee."

Akaegemea ufagio. "Mzee gani?"

"Yule wa ng'ombe."

Alicheka mpaka akakaa. "We chepto, msichana kama wewe uwe mzee? Utatoa wapi kifua? Watu watasema spika imeharibika."

"Ni dakika nne tu. Ukinipa hizo nne, nitakupigia nduru za bure mwezi mzima."

"Nduru hata sasa ni za bure."

Hiyo ilikuwa kweli karibu kabisa. Lakini akakubali, kwa sababu mwanzoni mwa muvi kuna kufukuzana na magari na kupigana juu ya paa, na hayo ndiyo aliyotaka. Akanipa mkono. Nakumbuka vizuri alinipa mkono.

Kipande chenyewe ni hiki. Steringi ni polisi. Amempiga risasi jambazi mmoja kijana, usiku, na sasa anampelekea baba wa yule kijana koti lililobaki. Baba ndiye mzee wangu. Unangoja apige kelele, ama atoe bunduki, ndivyo muvi zilivyotuzoesha. Hapigi kelele. Anaweka birika kwenye moto. Anamwambia polisi akae. Halafu anauliza swali moja, kama usiku ule kulikuwa na radi. Polisi anasema ndiyo, ilikuwepo. Mzee anasema, basi alikuwa ameogopa kabla hujafika. Anaeleza kwamba yule kijana akiwa mdogo, radi ikipiga, alikuwa anakuja kusimama mlangoni kwa baba yake. Hasemi ameogopa. Anasema amekuja kuona kama baba ameogopa. Na baba anamwambia, ndiyo, nimeogopa, njoo.

Ni hayo tu. Wiki tatu niliyafanyia mazoezi shambani, katikati ya mistari ya chai, nikishusha sauti mpaka koo likauma. Baba akaniita kutoka mstari wa juu.

"Unaongea na nani huko chini?"

"Na Mmarekani."

"Mwambie kapu lake halijai kwa mdomo."

Baba alikata matawi ya chai kwenye shamba la kampuni ujana wake wote, akarudi nyumbani na mgongo uliopinda na akiba ya kununua ng'ombe wawili. Ni mzee wa kanisa. Kwenye holi hakuwa amewahi kuingia. Alisema ni mahali pa watu ambao ng'ombe wao hukamwa na wengine. Nilimbembeleza siku nne. Nilimwambia kuna mzee mmoja nataka amwone. Jumamosi hiyo alivaa koti la kanisani, akanyoa, akaja nami saa nane mchana. Vijana wakamwachia benchi la mbele. "Karibu boiyot, mzee wetu, kaa hapa." Akakaa ameshika kofia magotini.

Kufukuzana kukapita, paa likapita, Dijei akiwa moto kabisa, watu wakipiga mabenchi. Halafu kwenye skrini mlango ukafunguka, mzee wangu akatokea. Dijei akanipa maiki.

Nikaanza. Sauti ilitetemeka mwanzoni, kisha ikatulia. Nilisema lile la birika. Nilisema lile la kukaa. Nikauliza kama kulikuwa na radi, na holi ikanyamaza. Nilisikia hata mtu akiacha kutafuna miwa. Mimi nikajua, wananifuata. Nimewapata.

Lakini Dijei ana sheria yake, na maholi yote ya huku yana sheria hiyo: kimya ni kibaya. Watu wakinyamaza maana yake wamechoka, dakika inayofuata mmoja ataomba kurudishiwa kiingilio, kisha wote. Alipoona wamenyamaza, aliogopa. Leo naelewa kwamba aliogopa. Alinipokonya maiki mkononi, nikiwa ndiyo kwanza nimefika pale mtoto anapokuja mlangoni, akasema kwa ile sauti:

"Afande! Wachana na hiyo makoti! Mimi nauliza ng'ompe yanku!"

Holi ikapasuka. Kwenye skrini mzee amekunja koti la mtoto wake magotini, na watu wanashikana mabega kwa kucheka. "Imepotelea kule Soin, mzee!" mmoja akapiga kelele. "Imeuzwa tayari!"

Nikamwangalia Baba. Alikuwa ameangalia kushoto, ameangalia kulia, halafu naye akacheka. Alicheka akiwa amechelewa kidogo, vile anavyocheka kanisani mhubiri mgeni akitia mzaha wa Kiingereza, ili asionekane hakuelewa. Alikuwa anacheka sauti yake mwenyewe.

Nilichomoa waya wa spika. Sikufikiria. Niliuvuta mpaka ukaja na kipande cha ubao.

"We! Umerukwa?" Dijei akasimama.

"Ulinipa mkono!"

"Watu walikuwa wanalala! Nimekuokoa!"

"Hawakuwa wanalala, walikuwa wanasikiza! Hujui tofauti! Miaka yote umekaa hapa mbele na hujui mtu anayesikiza anafanana vipi!"

"Rudisha waya."

"Mwite baba yako aje akae pale," nikamwambia, "halafu umwongelee hivyo mbele yake. Fanya hivyo Jumamosi moja tu. Ukiweza, nitarudi kupiga nduru mpaka nife."

Watu wakaanza kupiga kelele, stima, stima, wakidhani umeme wa spika umepotea. Nikamshika Baba mkono tukatoka. Nililia barabarani bila aibu, kamasi na kila kitu. Nilimlaani Dijei, nikayalaani mabenchi, nikawalaani wote waliocheka mmoja mmoja, na wengi wao tumeimba kwaya pamoja. Nilikuwa nimembembeleza Baba siku nne, anyoe, avae koti, aje achekwe. Ni mimi niliyemleta.

Baba alitembea tu. Tulipofika kwenye kona ya kwetu akasema, "Yule mzee hakuwa anatafuta ng'ombe."

Nikasimama.

"Mtu aliyepoteza ng'ombe hakai hivyo," akasema. "Mtu aliyepoteza ng'ombe anasimama, anaangalia mlango. Yule amepoteza mtu. Ni mtoto?"

"Ni mtoto, Baba."

"Nilijua kwa koti. Na nyinyi mkacheka."

"Wewe pia ulicheka."

"Mimi nilicheka kwa sababu nyinyi mlicheka." Akavaa kofia. "Alikuwa anasema nini?"

Nikamwambia yote, pale kwenye kona, radi na mlango na mtoto. Alinisikiza mpaka mwisho, akatikisa kichwa. "Umeweka maneno mengi. Mzee haongei mengi kwa mtu aliyemuulia mtoto. Hata chai anampa kwa sababu mikono inataka kazi."

Yule Mmarekani amekaa kule na mbwa wake, hajui kuna mahali panaitwa Litein, na mtu aliyekata chai miaka yake yote amemwelewa bila kusikia neno lake hata moja. Na sisi tulio na maiki hatukumwelewa.

Nilikataa kurudi holi. Wiki iliyofuata, jioni kabla ya kukamua, nilimkalisha Baba kwenye ndoo nikamshikia simu mdomoni nimrekodi. Alikataa. Akasema ni utoto. Akasema watacheka tena. "Wakicheka nitawapiga," nikamwambia, naye akaniangalia akaona sitanii. Nilikuwa namwambia maana, yeye anasema kwa namna yake. Kwa ile hotuba ndefu ya mtoto mlangoni nilikuwa nimetafuta maneno mazuri kwenye kamusi. Baba aliyatupa yote. Ng'ombe akakohoa nyuma yake, kisha Baba akasema:

"Ananiuliza kama naokopa. Namwambia, eeh. Naokopa. Kuja."

Sikugusa kitu, hata kikohozi cha ng'ombe nilikiacha. Niliipachika juu ya picha kwa laptopu ya kuazima, siku tatu, mdomo na sauti vikalingana.

Nikaipeleka kwenye kituo cha kupimia majani. Unajua vile tunavyongoja pale, kapu zimejaa, lori halijulikani liko wapi, watu wamekaa kwenye ukuta wakilalamika. Niliiweka laptopu juu ya meza ya karani. Mama mmoja akasema, "Ngojeni, si hii ni sauti ya mzee wa hapa juu?" Wakaanza kutabasamu, na mimi nikashika kapu nikijua nitamrushia mtu. Kisha wakaacha kutabasamu. Waliniomba niirudishe. Waliniomba tena. Yule mama akauliza mtoto alizikwa wapi, nikamwambia muvi haionyeshi, akakasirika na muvi.

Habari zikafika holi. Siku mbili baadaye Dijei akaja kituoni kwa bodaboda, akashuka akitabasamu, mkono ameunyoosha.

"Dada yangu, watu wananisumbua. Nipe hiyo flashi Jumamosi. Nitaionyesha yote."

"Utanyamaza dakika nne?"

"Nitanyamaza, bora tu nisindikize kidogo mwanzoni, niwachangamshe..."

"Hapana."

"Hasira za nini? Ni muvi tu. Hata mzee wako alicheka, nilimwona."

Watu wote ukutani walikuwa wametuangalia. Nilikuwa na maneno mengi, mengine siwezi kuyaandika. Nilimwambia hapana mara ya pili, polepole, na mara ya tatu kwa Kipsigis, lugha yetu, ili asiseme hakusikia. Mkono wake ukabaki hewani kidogo, kisha akautia mfukoni. Nikainua kapu nikaingia kwenye foleni ya mizani. Karani akaniuliza mbona nimelikumbatia kapu hivyo. Nikamwambia apime majani.